Aliyoyasema Umi Kabla ya Mtihani

Kijiwe cha Nurdin pale Tingi, kando ya barabara ya Lindi, hakina paa wala adabu. Kina benchi mbili za mbao, birika la kahawa juu ya mkaa, sinia la kashata, na watu ambao ukiwasikiliza utadhani nchi inaendeshwa kutoka hapo. Alasiri hiyo walikuwa wamefura wote kwa sababu ya binti wa kidato cha tatu. Asubuhi, kwenye mkutano wa kijiji, Umi binti Ibrahimu alisimama na mtandio wake mweupe wa shule, akawaamkia wazee vizuri, kisha akawapasulia: kesho darasa la saba wanafanya mtihani, na humu mna wazazi waliowaambia wanao wafeli makusudi. Hasa wa kike. Hasa wenye ulemavu. Hakutaja jina la mtu, wala haikuhitajika, maana mkutano mzima uligeuka kumtazama Abdurahmani, fundi wa kupaua, ambaye kijiweni anaitwa Bati.

Bati alikuwa bado anafukuta. Kikombe cha tatu hiki, hata ladha haisikii.

— Mtoto wa juzi! alisema. Namjua tangu ananyonya. Leo anakuja kunivua nguo mbele za watu!

— Katumwa huyo, alisema Ismael, aitwaye Spika kwa kuwa hapo hakuna anayeongea mpaka yeye atake. Mtoto hawezi kupanga maneno vile. Eti neno la kwanza kumshukia Mtume ni Soma, na halikusema soma weye mwenye miguu miwili mizima. Nani kamfundisha?

— Kafundishwa madrasa, alisema Nurdin akimimina. Ile ile uliyoitoroka weye.

— Mimina kahawa, Nurdin.

Wa tatu kwenye benchi ni Valentini, Mmakonde mnunuzi wa ufuta. Wanamwita Nabii, maana tangu aanze kutabiri mechi hajapatia hata moja.

— Hii ni mipango, Nabii akasema. Leo anadai bweni la wasichana pale sekondari lisiwe na ngazi. Kesho atadai ubunge.

— Na ile pini ya mtandio mmeiona? Spika akadakia. Pini gani kubwa vile? Kamera ile! Saa hizi tunaonekana Ulaya.

— Hilo dogo, Nabii akasema. Wakisoma wote, nani ataokota korosho? Hamna! Mikorosho inageuka msitu. Msitu ukishakuwa msitu, tembo wanashuka kutoka Liwale. Tembo wakishafika, inatangazwa hifadhi. Tunahamishwa kijiji kizima, sababu binti mmoja!

— Wahenga walishasema, Spika akatikisa kichwa. Asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu. Sasa ulimwengu upo, tena bure, shule ya nini?

— Na elimu ni bahari, Nabii akamalizia. Mtoto wa magongo humtupi baharini.

Neno hilo lilimchoma Bati, maana mtoto wa magongo ni wake. Maimuna ana miaka kumi na mitatu, mguu wa kulia umepooza tangu utotoni, na darasani hajawahi kushuka hadi namba ya pili, ni ya kwanza daima. Sekondari iko mbali, na bweni lina ngazi saba mlangoni. Bati alimwona kichwani mwake mwanawe anatambaa kwenye ngazi zile huku watu wanatazama, akaona bora yaishe mapema. Afaulu halafu azuiwe nyumbani, hiyo ni kesi kwa mtendaji. Afeli, nani atauliza? Basi Jumamosi akamwita nyuma ya nyumba, akamwambia afeli. Wangapi wamefanya hivyo, na wote wamefumba midomo, mpaka kaja Umi.

— Mie namlinda mwanangu! Bati akapiga benchi. Akianguka njiani, huyo Umi atambeba?

— Alisema atambeba, Nurdin akajibu. Yeye na wenzake sita, watapokezana mpaka ngazi zile zivunjwe. Weye ulishatoka mkutanoni umevimba.

— Nani kakuuliza?

— Hakuna! Mie sijawahi kuulizwa kitu!

Nurdin akalitua birika kwa kishindo, kahawa ikaruka.

— Marehemu baba aliniambia hivyo hivyo. Nurdin, feli, mashamba tunayo. Nikamtii. Mashamba yameuzwa, na mie nipo hapa nawamiminia kahawa watu wanaosema pini ni kamera. Mnanichosha, wallahi! Mnanichosha!

Bati hakumtazama usoni. Hasira yake haikujua tena imshike nani.

— Hasira hasara, bwana, alisema Spika kwa sauti ndogo. Hebu ongeza kikombe.

Ndipo wakamwona Maimuna anakuja na magongo yake, jasho linamtoka, peke yake kutoka kwao mpaka barabarani.

— Shikamooni.

— Marahaba.

— Baba, mwalimu kagawa penseli. Kesho saa moja tuwe tumeshafika.

— Haya. Nenda nyumbani.

Hakwenda. Akajiegemeza vizuri.

— Baba, nilikuwa na swali. Yale nisiyoyajua nitayakosa tu, hayo rahisi. Ila nikikuta ninalolijua, nafanyaje nisilijue?

Spika akaangalia sinia la kashata. Nurdin akasimama na birika mkononi, hammiminii mtu. Bati akakitua kikombe chini.

— Unayoyajua ni mengi?

— Karibu yote, baba.