Kikombe cha Bati cha Mama Chukuchuku

Ndugu waombolezaji, kabla ya kueleza maisha ya mama yetu, familia inakiri kwamba kuna jambo moja tumeshindwa kulifumbua hadi leo, tulimuuliza mara nyingi akaishia kucheka, nalo ni kwa nini aliitoboa mwenyewe siri ya kikombe chake cha chumvi, maana angenyamaza hakuna ambaye angejua.

Marehemu alizaliwa tarehe 3 Aprili 1951, mtoto wa pili wa dereva wa lori na mkunga, akamaliza darasa la saba mwaka 1966, na tarehe 10 Januari 1972 akaajiriwa kuwa mpishi katika kiwanda cha nguo, jikoni kwenye masufuria ya kummeza mtu mzima, akadumu hapo hadi alipostaafu mwaka 2006.

Mwaka 1975 alifunga ndoa na fundi mitambo wa kiwanda hicho hicho, mtu aliyenyunyiza chumvi kabla hajaonja, wakajaliwa watoto watatu, wa mwisho akiwa kitindamimba wetu, fundi wa friji. Tarehe 19 Agosti 1996 baba alianguka kwa kiharusi katikati ya mashine, akafariki siku ya tatu, na daktari alipoeleza kwamba shinikizo la damu lilikuwa limemla kimyakimya kwa miaka, mama hakulia mbele yake, aliuliza tu chumvi inahusika vipi.

Jikoni chumvi ilipimwa kwa kikombe cha bati, basi kuanzia Januari 1997, kila mwisho wa mwezi, alikipeleka kwa fundi bati, naye fundi akakikata ukingo kwa unene wa njiti ya kiberiti, wapishi wenzake wakaendelea kukijaza pomoni bila kushtuka, wafanyakazi wakaendelea kulamba vidole, hadi mwaka ukaisha na kikombe kimepungua theluthi nzima. Ndipo Jumatatu moja aliposimama mlangoni mwa bwalo akawaeleza yote.

Mchuzi ule ule waliousifu Ijumaa ukakosa ladha papo hapo, wakapiga kelele, "Mama, leo umetupa maji ya kuoshea vyombo!", wakambandika jina la Mama Chukuchuku, yaani wa chakula kisicho na chumvi wala kiungo, wakaja na chumvi ndani ya viberiti, na meneja akaamuru kinunuliwe kikombe kipya. Mama alijibu kwa heshima kwamba mwenye kutaka chumvi atie kwenye sahani yake, si kwenye sufuria la wote, kisha akamwomba muuguzi wa zahanati aweke meza ya kupima shinikizo la damu kando ya foleni ya chakula, na waliojionea vipimo vyao, mmoja baada ya mwingine, wakaacha viberiti nyumbani, kikombe kipya hakikununuliwa tena, na mama alipostaafu aliondoka na kile cha bati.

Februari 2023 aligundulika kuwa na saratani ya kongosho, na muda wote wa kuugua hakuhangaikia tumbo lake bali kitindamimba, ambaye alipimwa siku aliyomsindikiza hospitali, akakutwa na shinikizo la juu, akazitupa dawa kabatini akisema, "Mama, mimi nyati, vidonge vya nini?", naye akamjibu, "Hata baba yako alikuwa nyati, mwanangu." Alifariki nyumbani alfajiri ya tarehe 11 Juni 2023, akiwa na umri wa miaka sabini na miwili.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliopokezana kumgeuza kitandani, na wenzake wa kiwandani, hata ninyi wa viberiti, tunawaona huko nyuma mmeinamisha vichwa.

Jana kikao cha familia kiliamua kwamba chakula cha leo kipikwe kwa kikombe kile kile, chumvi isiwekwe mezani, na muuguzi akae langoni ili kila aliye tayari apimwe kabla ya kuondoka. Aliyepima chumvi asubuhi hii kwa mkono wake, baada ya kuwa wa kwanza kukalia kiti cha muuguzi na kumeza kidonge mbele ya shangazi zake, ni kitindamimba.

Mama, lala kwa amani, kikombe kimepata mwenyewe.