Mzee Rula, Mchoraji Ramani wa Jarida la Chuo

Marehemu, ambaye wengi mliofika hapa mlimwita Mzee Rula, alizaliwa tarehe 14 Machi 1951 katika mtaa wa chini wa mji mdogo ulio kando ya mto. Alikuwa mtoto wa kwanza. Nyuma yake alikuja mdogo wake wa kike, ambaye baadaye alikuwa fundi cherehani. Baba yao alikuwa msoma kina cha maji. Kila asubuhi alishuka mtoni, akasoma namba kwenye nguzo iliyopakwa rangi, akaandika daftarini. Mama yao alifuga kuku. Mto ule ukifika mjini hugawanyika mikondo miwili, wa magharibi na wa mashariki, kisha hukutana tena mbele, na mtaa wa chini umekaa katikati ya mikondo hiyo. Siku hizo mpaka wa nchi ulipita mkondo wa mashariki. Mji mzima ulikuwa upande mmoja na hakuna aliyepoteza usingizi kwa hilo.

Alianza shule ya msingi Januari 1958. Akiwa darasa la nne, mwalimu wa jiografia aliuchora mto ubaoni kwa mstari mmoja. Mtoto akanyoosha kidole. "Mwalimu, mto wetu una miguu miwili." Darasa likaangua kicheko. Mwalimu akampa chaki, labda kwa kumkomesha, naye akachora mikondo yote miwili, daraja, nguzo ya baba yake na banda la kuku la mama. Mchoro ule haukufutwa mpaka Ijumaa. Alimaliza sekondari mwaka 1969, akajiunga na chuo cha upimaji ardhi, akahitimu Novemba 1972 akiwa wa tatu katika darasa la watu kumi na tisa.

Tarehe 3 Septemba 1973 aliajiriwa na chuo kikuu kuwa mchoraji wa ramani katika jarida la kitaaluma la masuala ya kimataifa, lililotoka mara nne kwa mwaka. Ofisi yake ilikuwa chumba namba tisa, ghorofa ya chini, jirani na vyoo, dirisha likitazama tangi la maji. Humo alichora vita, mikataba, njia za wakimbizi na mabomba ya mafuta ya nchi ambazo hakuwahi kuzikanyaga. Maprofesa walimletea michoro iliyofanana na nywele za mtoto aliyeamka sasa hivi, yeye aliichana. Jina la utani alilipata kwa sababu ya rula ya chuma iliyokaa mfuko wa shati miaka yote. Hata nyumbani, watoto walipogombania mkate, aliitoa rula akapima vipande, akasema, "Haya, milimita thelathini kila mmoja. Anayelalamika aende mahakama ya kimataifa."

Alifunga ndoa tarehe 11 Desemba 1976 na mkutubi wa chuo. Inajulikana katika familia kwamba aliazima atlasi ileile mara kumi na moja. Mara ya kumi na moja mkutubi akamuuliza, "Kaka, hii atlasi unaikariri au unaitafutia mchumba?" Akajibu, "Mchumba ndiye anayeigonga muhuri." Walijaliwa watoto watatu.

Jambo lililomwinamisha maisha yake yote halifichiki, na mjane wake ameagiza lisomwe.

Mwanzoni mwa mwaka 1989 profesa mmoja alileta makala kuhusu mipaka ya mitoni. Mfano wake mkubwa ulikuwa mji ule ule wa kando ya mto. Maandishi yalisema mpaka unapita mkondo wa mashariki, lakini kwenye mchoro wa mkono ulioambatana nayo mstari ulikuwa umepitishwa mkondo wa magharibi. Mzee Rula alikwenda kwa mhariri mkuu na karatasi zote mbili.

"Maandishi na mchoro havipatani," alisema. "Na mimi pale ni nyumbani. Mchoro ndio uliokosea."

"Profesa yuko safarini, kiwanda cha uchapaji kinatusubiri kesho," mhariri alimjibu. "Fuata mchoro. Maandishi nitayarekebisha mimi."

Alirudi chumba namba tisa, akakaa. Kisha akauchora mstari, kwa wino, safi kama kawaida yake. Miaka mingi baadaye, mtu akimtetea kwamba aliagizwa tu, alikuwa akisema, "Nilijua, nikachora. Mengine ni maneno."

Toleo la Juni 1989 lilitoka. Mwezi uliofuata aliandika barua kuomba sahihisho la mistari mitatu, na mhariri akaahidi kuliweka toleo lijalo. Toleo lijalo halikuwa na nafasi. Mwaka 1992 nchi mbili ziliunda tume ya mipaka. Ramani za zamani zilikuwa zimeliwa na mchwa au zinapingana zenyewe kwa zenyewe, na iliyokuwa safi, iliyochapishwa na chuo kinachoheshimika, ilikuwa moja. Tume iliambatisha ramani hiyo ya Mzee Rula kwenye ripoti. Mtaa wa chini, pamoja na mama yake, mdogo wake, kaburi la baba yake na kuku wote, ukaenda ng'ambo.

Alimkabili mhariri mpya. Huyu hakuwa mtu mbaya. Alifunga mlango kwanza, ndipo akasema, "Mzee wangu, mstari huu si wetu tena. Ni wa serikali mbili. Tukiugusa leo, tutaambiwa tumechukua upande."

"Upande tumeshauchukua," alisema Mzee Rula. "Hilo ndilo ninalotaka tuseme."

Halikuandikwa neno.

Kwa miaka kadhaa aliweza kumtembelea mama yake kwa kibali, akipanga foleni darajani kuingia nyumbani kwao. Mama aliyachukulia kwa mzaha. "Kuku wangu hawajui kama wamebadili serikali," alisema. "Mayai ni yale yale." Desemba 1997 alikwenda na lile toleo ndani ya mkoba, amedhamiria kumweleza. Mama alilitoa mwenyewe, akalifungua, akaona chini ya ramani, kwa herufi ndogo, jina la mwanawe. Machozi yakamlenga. "Miaka yote unasema unachora, leo ndiyo nakuona." Aliuchana ukurasa ule taratibu, akaubandika ukutani juu ya meza ya kulia, akaita majirani.

Mzee Rula alikaa pale siku tatu, akila mbele ya ramani ile. Hakusema. Siku ya kuondoka alimwambia mama atarudi Pasaka kwa mazungumzo marefu.

Februari 1998 mapigano yalizuka na daraja likafungwa. Halijafunguliwa hadi leo.

Mdogo wake alimsimulia kwa simu yaliyofuata. Mwalimu mstaafu wa mtaani, aliyekuwa na nakala ya ripoti ya tume, alikuja kumjulia hali mama, akaona ukutani ramani ile ile na jina lile. Habari ikasambaa kama moto wa nyasi. Waliopoteza mashamba ng'ambo ya mkondo wa magharibi waliacha kununua mayai kwake. Salamu zikapungua. Mama hakuubandua ukurasa. Alimtumia mwanawe maneno mafupi kupitia kwa mdogo wake: "Mwambie aje tuzungumze. Sijakasirika, nataka kusikia kwake."

Aliomba kibali mara saba. Barua wala simu haikumtosha. Alisema jambo kama lile humwambii mzazi bila kumwangalia usoni. Mama alifariki tarehe 22 Agosti 2001. Alizikwa na watu tisa.

Mwezi huo huo alipeleka tena sahihisho. Mhariri mkuu wa tatu alikuwa mwanamke aliyewahi kuwa mwanafunzi chuoni hapo, akamwita baba. Alilikubali, akalipanga ukurasa wa mwisho. Bodi ya kitivo ikaliondoa, na pale pakachapwa tangazo la kongamano. Mwaka 2009, chuo kilipotangaza kwamba toleo la Desemba ndilo la mwisho, yule mhariri alilirudisha kimyakimya. Mzee Rula alisoma mistari yake mitatu mara mbili, akasaini. Toleo lile halikuchapwa kabisa. Ofisi ya jarida ikafanywa stoo ya viti. Nakala zilizobaki, zilizofungwa kwa kamba ya katani, zilipelekwa kusagwa. Alistaafu tarehe 30 Juni 2010 bila sherehe, kwa sababu idara ya kumfanyia sherehe haikuwepo tena.

Mwaka 2015 mkono wake wa kulia ulianza kutetemeka. Alijaribu kuendelea na kazi aliyojipa, ya kuchora ramani ile upya kwa vipimo sahihi na kuipeleka kwenye ofisi yoyote itakayoipokea. Alipeleka ofisi nne. Tatu hazikujibu, ya nne ilimshukuru kwa uzalendo wake. Kadiri mkono ulivyozidi kutetemeka, mistari ikawa kama ya wale maprofesa wake, naye akawa anaificha karatasi mtu akiingia. Machi 2021 alipata kiharusi, akapoteza maneno mengi. Mkewe alimwogesha, akamlisha, na kumsomea atlasi kama mtu anavyosomewa gazeti. Aliugua tena Aprili mwaka huu, akalazwa wodi ya sita ya hospitali ya wilaya. Alifariki asubuhi ya tarehe 6 Mei 2023, saa nne na robo, mkewe akiwa ametoka kuchota maji ya moto. Alikuwa na umri wa miaka sabini na miwili.

Ameacha mjane, watoto watatu, wajukuu watano na mdogo wake, fundi cherehani, aliyeomba kuvuka kuja kumzika kaka yake. Jibu lilifika jana mchana: ombi limepokelewa, litashughulikiwa ndani ya siku thelathini.

Wasifu huu ulipokuwa ukiandikwa, binti mkubwa alipendekeza umalizike kwa kusema kwamba baba sasa amepumzika. Mama yake akamkatiza. "Mwanangu, usiandike hivyo. Mimi nilikuwa naye. Mtu anapumzika akimaliza." Kisha akasema basi, andikeni kile mnachoweza kukiomba, msiandike mnachokijua.

Mungu amjalie amani.