Kalisti, Aliyewapa Mashujaa wa Kiitaliano Kiswahili

Wasikilizaji wapendwa wa Dallas, Fort Worth na Houston, uliye barabarani endesha taratibu, na uliye jikoni punguza moto kidogo. Leo tunamkumbuka Kalisti. Kalisti, mtafsiri wa filamu, amefariki dunia nyumbani kwa dada yake, Pearland, jirani na Houston.

Vijana wataniuliza, mtafsiri wa filamu ndiye nani? Kule Moshi, kwenye kibanda cha video, filamu ilikuja na lugha yake ya kigeni. Mtu mmoja alishika kipaza sauti akawasemea wote: mfalme, malkia, hata farasi. Mtu huyo alikuwa Kalisti.

Filamu aliyoipenda kuliko zote ilikuwa ya Kiitaliano. Ya zamani, ya mapanga na farasi, iliyotokana na utenzi wa kale: Wakristo wameuzingira mji, Waislamu wako ndani. Kalisti hakujua Kiitaliano hata cha kuomba maji. Lakini mfalme wake aligomba kama mjumbe wa nyumba kumi, na majemadari walitaniana kwa Kichaga. Alikuja nayo Texas. Siku za kazi alisukuma vitanda hospitalini, Jumamosi aliionyesha ukumbini Lewisville, pale nje ya Dallas. Wakristo na Waislamu tulikaa pamoja, na hakuna aliyetoka ameudhika, maana Kalisti alizipa pande zote mbili maneno ya watu wenye adabu.

Kisha koo likaugua. Saratani. Madaktari walisema apasuliwe, na sauti ingeondoka kabisa. Kalisti akakataa. Narudia, wapendwa: alikataa upasuaji ambao ungemwongezea maisha. Dada yake Melania, muuguzi kule Houston, aliendesha gari mpaka Lewisville kumsihi.

"Kaka alinijibu," ananiambia Melania, "'Nikinyamaza mimi, yule mtoto atabaki na nini changu?'"

Mtoto ni Ndeshi, binti yake wa pekee. Ukimsalimia kwa Kiswahili, alikuwa anakujibu kwa Kiingereza. Wengi wetu tunao wa namna hiyo nyumbani, tusijifanye.

Jumamosi moja filamu ilifika pale pabaya. Mpiganaji Mkristo na mpiganaji Mwislamu wamekabana kando ya kisima. Sauti ya Kalisti ikakatika. Alifungua mdomo, hakikutoka kitu. Ndeshi akainuka, akakichukua kipaza sauti mkononi mwa baba yake.

"Oya, wewe," akamsemea yule Mkristo. "Mimi nimechoka, wewe pia umechoka. Let's drink maji kwanza, halafu tuta-fight."

Watu walicheka mpaka wakalia. Mimi nililia tu. Kalisti alikaa kiti cha mbele, akamsikiliza binti yake mpaka mwisho. Wiki iliyofuata alikubali kupasuliwa.

Aliishi miaka mingine mitatu bila sauti. Ndeshi akitafsiri ukumbini, baba akimsahihisha kwa kidole. Halafu ugonjwa ukarudi, na Melania akamchukua kwake Pearland. Jumapili iliyopita, alasiri, Kalisti alionyesha televisheni kwa mkono. Wakaweka ile filamu, wakazima sauti yake, na Ndeshi akakaa kando ya kitanda akitafsiri. Katikati ya vita, Kalisti akakata roho.

"Nilimwambia, Ndeshi mwanangu, baba amekwenda," anasimulia Melania. "Akanijibu, 'Najua, Shangazi. Lakini Baba haachagi watu katikati.' Akaendelea. Machozi yanamtoka, anaendelea. Aliisema yote, mpaka milango ya mji ikafunguliwa. Ndipo akamfumba baba yake macho."

Melania, Ndeshi, poleni sana. Tumeumia pamoja nanyi, na Mungu ampumzishe Kalisti mahali pema.

Nawe, msikilizaji mpendwa, ukifika nyumbani leo, mwombe mwanao akusimulie jambo moja kwa lugha yako. Kisha unyamaze, umsikilize mpaka amalize, hata akichanganya na Kiingereza.