Siku Nilipokataa Kuapa Kortini

Bwana asifiwe, ndugu zangu wa kanisa la Kashojwa! Munanijua, mimi Mama Neema, na munajua sipendi kusimama hapa mbele. Lakini leo nisiposimama nitapasuka.

Nilikuwa mupishi kwenye chuo kikuu kimoja kule Mbarara. Nilipikia banafunzi posho, ule ugali wa Uganda, na maharagwe, kwenye sufuria ambazo mutu mukubwa anaweza kuoga ndani. Kazi niliipenda. Lakini mushahara ukaanza kuchelewa, kisha ukakatika kabisa, kwetu sisi ba jikoni na kwa balimu pia. Tuliambiwa mwezi ujao, mwezi ujao. Mwenye nyumba akachoka na mimi, akafunga chumba kwa kufuli lake. Nikamuleta binti yangu Neema hapa kambini Nakivale kwa mama yangu, mimi nikabaki Mbarara, nalala kwa mwenzangu wa jikoni, Kyomuhendo. Ndugu zangu, kuachana na mutoto kwa sababu ya mushahara ambao umekwisha ufanyia kazi, kunauma!

Kila Jumapili nilimupigia simu. Alikuwa na swali moja tu, kama nitakuja kumuchukua. Namwambia nitakuja. Ananijibu, "Mama, apa!" Namwambia katika kanisa letu sisi hatuapi, nimesema nitakuja, basi nitakuja. Nikikata simu, nalia.

Tukaenda korti. Jaji akaamuru tulipwe, na tukacheza pale nje mpaka askari akatucheka. Lakini mukubwa wa chuo hakulipa hata mutu mumoja. Avoka wetu, yule wakili aliyetutetea, akarudi kortini kulalamika kwamba huyu amedharau amri ya jaji, na kwa kosa hilo mutu anaweza kufungwa. Mukubwa naye akashika Biblia, akaapa kwamba batu ba jikoni bote bamekwisha lipwa. Hapo avoka akaniambia nitasimama mimi, kwa niaba ya jikoni, niape kwamba sijapata kitu.

Niape! Kyomuhendo alinikasirikia kweli. Alisema bamama bote bananitegemea, halafu mimi naleta mambo ya kanisa. Nishike kitabu nimalize, Mungu anajua. Nami niliamini kwamba nikikataa, jaji atanifunga mimi kabla ya mukubwa. Mukimbizi kama mimi akifungwa, nani atamufuata huko? Na Neema je? Nikafunga kula, nikaomba, Bwana, unifungulie njia, maana mimi siioni.

Siku ikafika. Karani akaninyooshea Biblia. Mukono wangu ukakataa kunyooka. Nikasema, kwa sauti ambayo sijui ilitoka fasi gani:

"Muheshimiwa, mimi siapi. Lakini uongo pia siwezi kusema."

Kyomuhendo akajifunika uso kwa kitambaa. Jaji, mama wa makamo, akavua miwani, akaniangalia bila haraka.

"Sheria inakuruhusu," akasema kwa Kiswahili cha pole pole. "Toa ahadi tu kwamba utasema kweli. Inatosha."

Inatosha! Ndugu zangu, njia ilikuwapo siku zote, na mimi nilikuwa naomba mulima upasuke! Nikatoa ahadi, nikasema hatujalipwa. Jaji akamugeukia yule aliyeapa, akamuomba aonyeshe malipo hayo yaliingia benki gani. Hakuwa na kitu cha kuonyesha. Jaji akasema ni kweli, amedharau korti; alipe, ama aende gerezani. Akalipa! Ba jikoni, balimu, bote tulipata. Na Kyomuhendo siku hizi ananiita muhubiri, anacheka.

Nikakodi chumba kingine, nikapanda gari kuja huku Nakivale. Nilimukuta Neema anachambua maharagwe na bibi yake. Nilifikiri atakimbia kunipokea. Hakukimbia. Aligeukia bibi yake tu, akasema, "Si nilikuambia? Alisema atakuja."

Nililia mbele ya majirani, sikuona haya.

Asante Yesu, asante mingi. Na wewe unayekaa hapa na kesi yako, umengoja mpaka umechoka, mutegemee Mungu. Alisema hatatuacha, na mimi nimeona kwa macho yangu kwamba hatuachi. Neema, mwanangu, simama bakuone.