Maneno Aliyoyasema Asger Dirishani

Mheshimiwa Meya, Bwana Krogh, mwenye studio yetu na jumba hili jipya la sinema, Bibi Dorthea, mama yake mzazi, ndugu wageni waalikwa wa Copenhagen: nawasalimu nyote.

Nimepangiwa kuisifu picha mliyoitazama sasa hivi, nami nitaisifu. Mmecheka mpaka machozi, na nani asingecheka? Kijana anamletea mpenziwe maua, baba mtu kafunga mlango, kijana anakwea bomba la maji hadi ghorofa ya nne, mara ananing'inia, nami, niliyecheza huyo mpenziwe Rosa, nimemshika mkono kutoka dirishani. Midomo yake ikacheza, na kwa kuwa picha zetu hazina sauti, maandishi ya pazia yakawaambia: “Nakupenda, Rosa.”

Ndugu zangu, mchumba wangu Asger hakusema hivyo. Alisema, “Ellinor, bomba limeng'oka. Usiniachie, nakufa.”

Kwetu studioni, mkono wa kamera ukishaanza kuzungushwa, ni mwiko kuusimamisha mchezo. Ukiumia, unaumia huku unachekesha. Basi nilipopiga yowe, mpiga picha alinisifu kwamba naigiza vizuri, akaendelea kuzungusha. Nilimvuta Asger mpaka kucha zangu zikamwingia nyamani.

Tulipoitazama mara ya kwanza sote tulicheka, hata Asger, maana mwanamume akishanusurika hujifanya simba. Bibi Dorthea peke yake hakucheka. Yeye hasikii, lakini husoma midomo. Alimvuta mwanawe shati, akamuuliza, “Mwanangu, huyu mtoto wa watu anaomba asife. Mnachekea nini?” Bwana Krogh akambusu mama yake, kisha akaagiza picha ijayo iwe ya juu zaidi.

Kesho asubuhi Asger atafungwa kwenye bawa la kinu cha upepo, maua mkononi, apande nalo mpaka kwenye dirisha langu. Kamba ni moja, tena nyembamba, isije ikaonekana pichani.

Bwana Krogh, umetulisha, na shukrani zangu ni za kweli. Lakini kesho sifiki. Naogopa. Kufukuzwa kazi naogopa pia, ila si kama ninavyouogopa upepo wa kesho.

Na wewe Asger, umekaa hapo nyuma yangu na suti yako mpya. Kama nawe huendi, simama sasa, watu wote hawa wakuone. Mimi sigeuki, mpenzi. Sina moyo wa kutazama.

Ahsanteni, ndugu zangu, kwa kunivumilia. Niambieni nyinyi mnaomwona: amesimama?