Pikapu ya Musyoka Imerudi Mowlem

Asifiwe Bwana aliyenipa magoti ya kusimama mbele yenu leo! Mimi ni Syokau, mjane wa Musyoka mchongaji, wa hapa mtaani Mowlem. Wengi mnaniita Susu, yaani nyanya kwa Kikamba. Kusoma sikusoma sana, lakini aliyonitendea Mungu nitayasema yote.

Ndugu zangu, Musyoka alipoitwa aliniachia pikapu. Mwanangu Mutinda ndiye huiendesha, akiwapelekea wachongaji magogo na kuwabebea vinyago. Ndiyo unga wetu, ndiyo kodi ya nyumba, ndiyo dawa yangu ya presha.

Basi akaja Kilonzo, mwana wa marehemu jirani yangu Nduku, mtoto niliyemwosha mimi alipozaliwa. "Susu, napeleka ntheo. Nisaidie na gari." Nikapiga vigelegele! Kwa wasiojua, ntheo ni mbuzi na vitu ambavyo sisi Wakamba hupeleka kwanza kwa wakwe. Alikuwa na mbuzi wawili na jerikeni kadhaa, akasema ni za asali. Na kwetu, vitu vya wakwe havichunguliwi njiani. Unavifunika vizuri, unaenda. Mimi mwenyewe nikatoa leso yangu mpya ya kujifunga nikafunika zile jerikeni, nikaziombea safari njema.

Kumbe ni chang'aa, ile pombe haramu! Hata wale mbuzi walikuwa wa kuazima!

Polisi wakawasimamisha Mutinda na Kilonzo karibu na mtaa wa Lucky Summer. Niliposikia nikakimbia kituoni. Polisi mmoja kijana akainua leso. "Shosh, hii ni yako?"

"Ni yangu, mwanangu, tena mpya kabisa!"

Wakacheka wote. "Basi ni wewe ulificha mzigo."

Mutinda walimwachilia, pikapu wakabaki nayo. Kilonzo akakubali makosa kortini. Hakimu akamtoza faini, kisha akaamuru pikapu iwe mali ya serikali. Ndugu zangu, mimi sikuitwa! Sikuulizwa hata neno moja! Mutinda alikuja na habari hiyo, akaketi mlangoni akashindwa hata kuvua viatu. Nililia mpaka Halima, jirani yangu Mwislamu, akafunga duka lake akaja.

"Mama Mutinda, utalia mpaka gari lioze huko? Vaa viatu, twende kwa wakili."

Wakili wetu, Atieno, Mungu ambariki, alisema mali ya mtu haichukuliwi kabla mwenyewe hajasikizwa. Akatupeleka korti kuu. Jaji akauliza, "Mwenye gari aliitwa?" Wakili wa serikali akapekua makaratasi, akapekua tena. "Hakuitwa, Mheshimiwa." Haleluya! Jaji akaifuta ile amri, akasema turudi kwa hakimu, nami nisikizwe.

Lakini ile leso bado ilinisumbua. Nani angeamini kwamba sikujua? Tuliporudi kwa hakimu, wakili wa serikali akaniuliza, "Nyanya, jerikeni zote hizo, na hukuchungulia hata moja?"

Nikamjibu, "Baba, wewe ungechungulia vitu vya wakwe wa mwenzako?"

Watu wakacheka. Ndipo Kilonzo akasimama. Hakuna aliyemlazimisha! Alikuja mwenyewe, mbele ya watu wote wa mtaa, akasema, "Nilimdanganya ni ntheo kwa sababu nilijua Susu hatafunua. Yeye alinibariki, mimi nikamwuza."

Ndugu zangu, ni nani aliyekifungua kinywa kile? Ni Bwana! Hakimu akasema sikujua, na nirudishiwe gari langu. Mutinda alipoliwasha pale kituoni nilicheza kama msichana, nikasahau presha.

Namshukuru Mungu kwa Atieno. Namshukuru kwa Halima. Na namshukuru kwa Kilonzo, ndiyo, Kilonzo! Na wewe ambaye kitu chako kimeshikwa mahali, usiketi ukalia kama mimi. Mwamini Yesu, kisha uinuke, ukajisemee. Hatakuacha usimame peke yako.

Kuna mtu amekaa benchi la nyuma, ameinamisha kichwa tangu nianze. Msimgeukie hivyo, jamani. Kilonzo, mwanangu, njoo mbele. Njoo tuombe pamoja.