Josiah Pekeshe, Mwigizaji wa Nafasi 143

Jumamosi hii, tarehe 30 Agosti 2025, Mzee Josiah Pekeshe anastaafu baada ya miaka 36 katika kikundi chetu cha maigizo hapa Garsen. Ameigiza nafasi 143 jukwaani, redioni, kwenye runinga na katika filamu. Nimezihesabu mwenyewe kwenye daftari za mazoezi, maana hakuna mwingine aliyejisumbua.

Alitoka Ozi akaanza kwa kuigiza maiti. Maiti hiyo ilipiga chafya, watu wakavunjika mbavu, na mwalimu wetu akajua hapa kuna mtu. Baadaye akawa chifu, karani, tabibu wa uongo, shemeji mlevi. Amekufa mara 39. Wahusika wake waliokuwa na jina ni sita tu. Wengine wote waliandikwa "Mzee wa Kwanza" au "Mzee wa Pili".

Mwaka 2007 aliigiza dalali aliyeuza shamba la mjane. Wiki iliyofuata, kivukoni Kilelengwani, mama mwenye mtumbwi alimkataa katakata: "Wewe si ndiye uliyemfukuza mjane wa watu? Ngoja mamba akuvushe!" Alikaa juani muda wa saa mbili, anacheka peke yake. Alituambia hiyo ndiyo tuzo. Sawa, lakini tuzo zenye kikombe walipewa wengine.

Sasa niseme linalotuuma. Mwaka jana kampuni moja ya filamu ilikuja kutoka Nairobi kupiga picha za mafuriko mtoni. Mzee, na miaka yake 68, alianguka kutoka mtumbwini mara tisa, kwa sababu mwigizaji mkuu alishindwa kukariri maneno saba. Tena ni Mzee huyo huyo aliyemnong'onezea maneno hayo akiwa ndani ya maji. Filamu imeletwa. Orodha ya washiriki mwishoni mwake ina majina 86: dereva, mpishi wa chai, hata mwenye jenereta. Josiah Pekeshe hayumo. Amefungwa ndani ya neno "Wanakijiji".

Tumeandika barua tatu. Jibu likaja moja: kazi imeshafungwa, na ile ilikuwa nafasi ndogo tu. Ndogo? Mtoeni mle, halafu mtuambie nyota wenu alikuwa akimwokoa nani!

Mzee anataka tuwaachie. "Beryl mwanangu, watu wa Garsen wananijua." Wanaijua sura. Nusu yao mpaka leo humwita Dalali. Kampuni hatuiachii.

Filamu itaoneshwa Jumamosi ukumbini mwetu, na mashine naiendesha mimi. Orodha ikimaliza jina la 86, nitaisimamisha. Taa zitawashwa, Mzee atasimama, na watu wa viti vyote 140 tutamtaja kwa sauti, jina lake na la baba yake. Ndipo tutakwenda kula.

Asante, Mzee Josiah, kwa kila kifo na kila kuanguka. Tunakutakia afya, mpunga mwingi huko Ozi, na miaka mingi ya kuitwa Josiah Pekeshe.

Beryl Randu
Vifaa na Mitambo